Msimu wa Kuficha Kasi

Mimi ni mtu wa kushuku. Mke wangu husema hata nikiletewa zawadi, kwanza naipindua kuangalia chini kuna nini. Labda ndiyo maana nilinogewa na zile mbio ndefu za magari, ambamo viwanda vya magari vya nchi mbalimbali hushindana msimu mzima, mara Qatar, mara Italia, kisha Ubelgiji, Ufaransa, Brazili. Binti yangu ndiye aliyenifundisha kuzitazama. Alikuwa anamalizia uhandisi chuoni College Park, hapa Marekani, na kila wikiendi ya mbio alikuja nyumbani kwetu Temple Hills asubuhi, tukakaa kwenye kochi na chai yetu.

Mbio hizo zina sheria moja iliyonikaa sana. Gari likionekana lina kasi kuliko wenzake, waandaaji huliongezea uzito na kulipunguzia nguvu ya injini, ili wote watoshane. Kwa hiyo, alinieleza binti yangu, mwenye akili haonyeshi kasi yake yote mapema.

Aliponiambia hivyo nikapata kazi ya upelelezi. Siku za mazoezi nilishika saa mkononi, nikamtazama kila dereva anapoinua mguu kabla ya kona pasipo sababu. Niliandika kwenye daftari langu la kazini Sterling, ninakotunza mitambo ya kupoozea kwenye jengo la kompyuta. Wajapani niliwashuku, Wataliano niliwashuku zaidi. Binti yangu alinicheka, akasema kwa Kiingereza, lugha anayonijibia siku zote, kwamba ningefaa kuwa polisi.

Kisha, kwenye mbio za Ubelgiji, nikaanza kumshuku yeye.

Simu yake iliita, akatoka akaenda kuzungumza nyuma ya nyumba, karibu na mapipa ya taka. Aliporudi alikuwa na uso wa mtu aliyeshiba na hataki ujue amekula wapi. Zamani aliwatania Wajerumani kila gari lao linapopita. Siku hiyo lilipita mara arobaini na hakusema neno. Dalili ya mvua ni mawingu. Alipohitimu, watu wa jumuiya yetu ya wahamiaji wakamuuliza amepata kazi wapi, akajibu bado anatafuta. Mimi niliziona alama zake za mitihani. Mwenye alama zile hatafuti hivyo.

Nikaamua anachoficha ni mwanaume. Tena mwanaume wa kufichwa, yaani mbaya. Nilikosa raha kabisa. Nilikuwa naogopa kitu kimoja tu: kwamba mtoto wangu anaondoka mikononi mwangu na mimi ndiye nitakayekuwa wa mwisho kujua.

Siku ya mbio za Brazili nilishindwa kuvumilia. Magari yamepanga mstari, nikazima sauti ya televisheni, nikamuuliza huyo mtu ni nani.

Akajibu kwa Kiswahili, na hapo ndipo nilipoogopa kweli.

"Hakuna mtu, Baba. Ni kazi. Nili-sign na timu ya Ujerumani tangu mbio za Ubelgiji. Naondoka Alhamisi."

Nikamuuliza kwa nini alinificha, mimi baba yake. Sauti yangu ilikuwa kali kuliko nilivyotaka.

"Nilipopata leseni ya udereva, ukaniambia niwapeleke mashangazi wote hospitali. Nilipofaulu hesabu, ukaahidi watu nitafundisha watoto wao kila Jumamosi, na hukuniuliza. Kila nikienda mbio, unaniongezea uzito. Nikaona bora nisionekane."

Kwetu mtoto akiweza jambo, jambo hilo ni la jumuiya nzima, na mzazi ndiye mwenye kuligawa. Mimi hiyo niliiita fahari. Tena jana yake tu nilikuwa nimemwahidi mwenyekiti wa jumuiya kwamba binti yangu ataanza darasa jipya la hesabu Jumamosi inayofuata. Nilimwambia binti yangu hata hilo. Hakukasirika, alitikisa kichwa tu kama aliyelitarajia, na hiyo iliniuma kuliko kama angenigombeza.

Nikachukua simu, nikampigia mwenyekiti mbele yake. Nikasema darasa halitakuwepo, binti anasafiri. Mwenyekiti akataka kujua anakwenda wapi, kufanya nini, kwa muda gani. Ana wapwa wawili wanaotafuta njia ya kuingia Ulaya, mtu wa kuwapokea na kuwaandikia barua. Habari yenyewe ilikuwa imenijaa mdomoni. Katika maisha yangu yote sijawahi kuwa na habari nzuri ya kumtangazia mtu kama ile.

Binti yangu alikuwa amenikazia macho.

"Hata sijui, mwenyekiti," nikasema. "Watoto wa siku hizi, wanatuambia kitu?"