Filamu ya Kijana Asiye na Mtu

Mwaka niliofeli kidato cha nne nilijiona sina maana duniani. Wenzangu pale Kasulu waliondoka kwenda kusoma, mimi nikabaki na jembe na kununa. Niliamini kabisa kwamba hata nikipotea, hakuna atakayeuliza.

Rafiki yangu, mtoto wa muuza vitambaa, alifurahia sana huzuni yangu. Baba yake alikuwa na kamera ya video ya kupigia harusi, na yeye mwenyewe aliwahi kuona Dar filamu fupi isiyo na hadithi wala maneno: kijana anatembea, anatembea, basi, imekwisha.

"Mshikaji, hii kitu umeumbiwa wewe," akaniambia. "Tembea tu kama hujuani na mtu. Usicheke, usiongee."

Asubuhi moja tukaazima kamera, tukashika njia ya Nyakitonto. Nilivaa koti la kaka yangu, nikatia mikono mfukoni, nikaangalia chini kwa uchungu wangu wote. Hatukufika mbali. Mama mmoja aliyekuwa akianika maharage aliinuka, akapiga makofi taratibu, jinsi tunavyosalimiana sisi Waha.

"Mwakeye!"

Ningempitaje mtu mzima hivihivi? Nikatoa mikono mfukoni, nikainama, nikapiga makofi. Akauliza hali ya mama, ya bibi, mpaka ya mbuzi wetu aliyezaa.

"Kata!" rafiki yangu akapiga kelele.

Tukaanza upya. Mzee mmoja akashuka kwenye baiskeli ili anisalimie vizuri. Wachuma kahawa wakaacha kazi wote. Bibi mwingine akanishikisha kiazi kitamu cha moto, akisema nimekonda. Mwongozaji wangu alikaa kwenye nyasi, nusura alie.

"Hivi huku hakuna hata mmoja asiyekujua?"

Nilikuwa nacheka, na mdomo umejaa kiazi.

Betri ilipoisha tukaachana. Nilirudi nyumbani kwa njia ya mkato, nikitunga uongo wa kumweleza mama nilikokuwa. Sikupata nafasi ya kuutumia.

"Yule mama wa maharage amesikitika hukukaa," mama alisema akinifunulia chakula. "Na koti la kaka yako umelijaza vumbi."

Nikauliza kaambiwa na nani. Akashangaa swali lenyewe.

"Kila anayepita, mwanangu. Kesho upite njia ya bondeni. Wa huko hawajakuona siku nyingi, kutwa wananiuliza kama unaumwa."

Nilifurahi, nikamwahidi nitapita asubuhi na mapema.