Jina la Léopold Ndani ya Filamu

Ilikuwa mwaka wa elfu mbili na kumi na tano. Hapana, kumi na saba, maana kumi na tano simu za kuonyesha video zilikuwa bado chache huku Makobola. Sévère alikuwa mfasiri wa filamu. Vijana walizivuta kwenye internet, zile za Hong Kong za mapigano na vichekesho, wakazileta kwenye clé USB, yaani flashi; yeye akasimama kando ya televisheni na mikro, akageuza Kikantoni kuwa Kiswahili. Kikantoni chenyewe hakukijua hata neno moja. Alitazama midomo na ngumi, akabuni. Na wafasiri wana desturi ya kuwapa Wachina majina ya watu wa kwetu, ili ukumbi ucheke.

Siku moja, ndani ya filamu, mlevi mmoja mwenye kuchechemea aliiba kuku, bibi kizee akamkimbiza na ufagio. Sévère akapaza sauti: “Léopold, katekista wa Lubarika! Rudisha kuku ya mama, weye!”

Watu walicheka mpaka wakashika mbavu. Naye alicheka. Léopold alikuwa rafiki yake, mguu wake mbovu kweli, na kila Sévère alipopita Lubarika katika kutangatanga kwake, alilala kwake na kula kwake. Lakini Lubarika iko mbali, kule bonde la Ruzizi. Nani angesikia?

Kumbe mtu alirekodi. Sauti ikabandikwa juu ya filamu, faili ikapita simu hadi simu. Miezi mitatu baadaye, sokoni Mutarule, Sévère akasikia wanawake wakitaniana: “Rudisha kuku, katekista!” Akamwomba Generose, anayejazia watu filamu kwenye simu, aifute.

“Baba, yangu nitafuta,” Generose akacheka. “Na ya Bujumbura, utaenda kuifuta weye?”

Akaenda Lubarika kwa miguu. Pudentienne, mke wa Léopold, alikuwa anapeta mchele. Hakumpa kiti.

“Shemeji, minye nilikosa…”

“Iko sauti yako, Sévère. Tuliitambua. Ameacha kufundisha. Watoto walikuwa wanalia kama kuku mu kanisa, akiingia tu. Sasa anashinda mu shamba, hataki muntu amuone akitembea.”

Sévère alitazama vidole vya miguu yake. Kisha akauliza, Pudentienne akiendelea kupeta:

“Shemeji, nikimfuata kule shamba, atakubali kuniangalia?”