Anayeimba Nyuma

Papa mmoja, mzee jirani yetu wa mtaa wa Muhumba, ndiye aliyenifundisha kupanda mlima Kahuzi na kuongoza wageni. Sauti yake ilikuwa mbaya, na mbele ya wageni ilinitia haya. Lakini kazi yetu ina desturi yake: ukungu ukishuka kwenye mianzi, anayetembea nyuma huimba na wa mbele huitikia, maana hamwonani hata hatua tano. Wimbo ukikatika, wa mbele anarudi. Nyuma alikaa yeye, na wimbo wake wa kanisani ulikuwa mmoja tu, miaka nenda miaka rudi.

Siku moja ya ukungu tulipanda wawili kukagua njia. Nilikuwa nimeuchoka wimbo ule, kusema kweli. Nikavaa ekuteri, vile vispika vya masikioni, nikavifunika kwa kofia, nikajipigia rumba. Kila baada ya muda nilipaza sauti kuitikia, kwa kubahatisha. Mlima na gitaa, hakuna ninachopenda zaidi duniani, na asubuhi ile nilikuwa navyo vyote viwili. Nilifika kileleni nikicheza.

Nilipovua kofia na ekuteri, kimya.

Niliteremka mbio. Nilimkuta kwenye mianzi, ameketi kwenye tope, goti limevimba kama boga, sauti imemkauka.

"Niliteleza, njo nikaita," akasema. "Nilikusikia unaitikia, unaenda tu. Haukusikia?"

"Upepo, papa."

Nilimbeba mgongoni mpaka barabarani. Hakuniuliza tena.

Goti halikupona sawasawa, na tangu hapo hajapanda. Yeye humsimulia kila mtu mtaani jinsi upepo wa Kahuzi ulivyomeza sauti yake, na jinsi nilivyombeba. Watu wananishika mkono baada ya misa, nami najiona mchafu. Mara ngapi nimepita kwake nikiwa na maneno tayari mdomoni, nikaishia kuulizia goti.

Jumapili iliyopita aliniambia anataka kujaribu tena, polepole, angalau mpaka kwenye mianzi. Nilifurahi kupita kiasi. Nikamwambia nitatangulia, nimfungulie njia.

"Hapana," akasema, huku akisugua goti. "Safari hii mbele nitaenda miye. Weye utakaa nyuma, uimbe. Miye sina ekuteri."