Kijitabu cha Mombo kilivyomnyang'anya mama yangu Pasaka

Wakuu, heshima kwenu. Kila ikifika Kwaresma humu mnatoana macho: Pasaka ya wapagani, Pasaka ya Wakristo. Leo sileti pointi. Naleta kosa langu, na sitaongeza chumvi.

Mimi ni wa Lushoto, familia ya Kilutheri.

Miaka ya tisini mwanzoni, kila kitu ruksa, mitumba na wahubiri wa spika kila kona. Nimemaliza fomu foo, nashusha kabichi Mombo, chini ya mlima.

Pale barabarani nikanunua kijitabu. Kinasema Pasaka ni sikukuu ya mungu wa kike wa Wazungu wa kale: mayai, sungura, kusubiri jua. Nikakisoma njia nzima ya kupanda mlima. Nikajiona nimefumbuka macho. Ujana huu!

Sasa kwetu, alfajiri ya Pasaka waumini huenda makaburini kuimba jua likichomoza. Mama alikuwa akienda kwa dada yangu Eliza, aliyefariki kwa surua akiwa na miaka minne. Anapalilia kaburi wiki nzima, anapanda maua, siku yenyewe anamwimbia kwa Kishambaa kwamba wataonana tena. Mwaka mzima ni mjane mkimya wa viazi na maharage. Asubuhi hiyo tu utamwona anacheka.

Nikamsomea kijitabu chote jikoni. Nikamwambia huko kusubiri jua ndiyo ibada yenyewe ya wapagani.

Mama hakujua kusoma. Akauliza, "Kwa hiyo Eliza nilikuwa namdanganya?"

"Ndivyo ilivyoandikwa, mama."

"Haya. Wewe ndiye uliyesoma."

Jirani yetu Mzee Shemboza, Mwislamu, aliposikia alinifuata shambani. "Hata mimi Pasaka siifuati. Lakini mtu humvui shuka kwenye baridi hii wakati huna blanketi la kumpa."

Shikamoo nilimpa. Masikio sikumpa.

Pasaka ile kengele ililia, mama akabaki anamenya viazi.

Miaka ikapita, nikasoma zaidi. Nikaona mayai na sungura ni mila zilizodandia tu, Pasaka yenyewe mizizi yake iko kwa Wayahudi na kaburi la Yesu. Nikakimbilia kwa mama kumweleza.

"Mwaka ule iliandikwa," akasema. "Leo nayo imeandikwa. Niache, mwanangu, nimechoka."

Hakwenda tena. Magugu nikawa nayang'oa mimi.

Alipozidiwa na ugonjwa nilimshika mkono. Nikamwambia, "Mama, Eliza utamwona."

Akanitazama. "Umesoma wapi?"

Hakusema nami tena mpaka tukamzika, pembeni ya Eliza.

Wakuu, chunguzeni mnavyotaka. Ila kabla hujamvunjia mtu tumaini lake, jiulize unamwachia nini. Mimi sikujiuliza, na inaniuma hadi leo.

Kama kuna mtu humu aliwahi kurudisha imani aliyoivunja mwenyewe, aandike hapa alifanyaje. Matusi pia napokea. Wangu mimi ameshaondoka.