Filamu Iliyokaa Sandukuni

Juzi, katika studio ya picha hapa Amu, kijana mgeni aliulizia filamu ya kamera iliyokwisha muda. Hupigia picha filamu hizo makusudi, alisema, kwa kuwa ukungu wake una "hisia". Nikaguna.

Bi mmoja mtu mzima aliyekuwa kaunta akamgeukia. "Kwani iliyokwisha muda hutoa sura?"

"Hutoa, Bi, ila hafifu."

Bi akaenda nyumbani, akarudi na filamu ya harusi yake, iliyokaa sandukuni miaka yote bila kusafishwa. Mamake marehemu yumo, kichwa wazi, na wasafishaji wa picha wote walikuwa wanaume, ndipo akaificha. Picha nyingine ya mamake hana.

"Safisha, Bwana," akamwambia mwenye studio, "lakini usitizame."

"Nitasafishaje bila kutizama, Bi?"

"Si mwasafisha kizani?"

Jana nilimkuta Bi pale studioni ameshika picha moja tu iliyotoka: ukungu mweupe, na ndani yake kivuli cha mtu. Alikuwa akilia huku akicheka. Yule kijana akasogea, shingo mbele.

Bi akaifunika picha kwa kiganja. "Mamangu huyo. Hana ushungi."

Mimi na usomi wangu sikuona ila ukungu. Nikageuza uso, kwa adabu.