Miaka ya Zahari Ghalani

Usiku ule nilikaa kwenye ngazi za ghala la chini, mgongo ukiniuma, nikisubiri habari za mume wangu. Kwa saa yangu ya mkononi, Zahari alikuwa ameingia humo saa moja na nusu iliyopita. Kwa hesabu ya mashine yake, alikuwa amekaa mwaka mmoja na nusu. Ni mtu asiyependa kuharakishwa.

Neva wetu alipozaliwa, Zahari alijaza rakia, pombe yetu kali ya plamu, kwenye pipa la mforosadi, lita hamsini, akaapa mbele ya majirani kwamba halitafunguliwa hadi arusi ya binti yake. Kijijini kwetu kila baba hufanya hivyo. Jino la kwanza lilipoota, akaonja kidogo kwa afya ya mtoto. Mtoto aliposimama dede, akaonja. Alipougua surua akaonja kwa huzuni, alipopona akaonja kwa shukrani. Mtoto alikuwa na afya njema sana. Alipofika darasa la tatu, ukiligonga pipa lilikuwa linalia kama ngoma.

Nilihesabu tu safari zake za kushuka kwenda kutazama viazi.

Alikuwa fundi wa majokofu kwenye kiwanda cha maziwa, na nyumbani alitengeneza kila kilichoharibika na baadhi ya vilivyokuwa vizima. Mashine yangu ya kufulia aliifungua mara nne. Kila mara skrubu zilibaki, naye akasema wenye kiwanda walikuwa wabadhirifu. Ukimwuliza jambo, jibu lake lilikuwa moja: "Tutaona." Mwaka tuliooana nilimwuliza kama ananipenda. Tulikuwa bado tunaona.

Neva alipochumbiwa, ana miaka ishirini na nne, baba yake akakumbuka kiapo. Miezi mitatu aliunganisha mabomba ya jokofu kuukuu, mota ya mashine yangu ya kufulia na saa ya ukutani ya marehemu mama yake. Akanieleza kwamba mlango ukifungwa na mashine ikiwaka, saa moja ya nje ni mwaka mzima wa ndani. Alimjaribu kwanza tetea wangu, pamoja na magunia ya mahindi na karai chini ya bomba la maji. Baada ya saa tano tetea alitoka kikongwe. Nilimchemsha tangu asubuhi hadi jioni, nyama ikakataa.

Basi Ijumaa jioni, arusi ikiwa Jumapili, alimimina pipani rakia ya msimu uliopita. Saa ishirini na nne zingetosha kuizeesha, na nani angejua? Ila baada ya jaribio la tetea mota ilikuwa imechakaa; ikizimika tena haitawaka kamwe, na mlango ukifunguliwa inazimika. Akawasha, kisha akavuta mlango nyuma yake, kama sote tunavyofanya ili paka wasifikie nyama iliyotundikwa. Tatizo ni kwamba yeye alikuwa upande wa nyama.

Angeweza kutoka. Komeo liko ndani; alilihamishia huko zamani ili kaka yangu asimfumanie akionja. Lakini kabla sijamaliza kupiga kelele, karatasi ikapenya chini ya mlango. Ilikuwa lebo ya mtungi wa pilipili. "Nimeamua kungoja," aliandika.

Neva akashuka, kichwa kimejaa vibanio.

"Mama, baba yuko wapi?"

"Humo ndani. Anazeeka."

"Si alishazeeka?" akauliza akicheka.

"Ana hamsini na sita. Kesho jioni atatoka na themanini, kama atatoka. Jumapili wewe ndiye utakayemshika mkono asianguke."

Akakaa pembeni yangu. Hakucheka tena.

"Atakula nini?"

"Chakula cha wageni wako mia mbili. Mapaja manane ya nguruwe, mapipa matatu ya kabichi, mitungi siihesabu. Bomba la maji lipo. Ya choo usiniulize."

"Mwambie sitaki rakia. Namtaka yeye."

Nikaandika hayo nyuma ya kadi ya mwaliko, nikaisukuma ndani. Kabla sijanyoosha mgongo, jibu lilikuwa miguuni. Kuinama na kuinuka kwangu ni siku tatu zake. "Niliapa. Kosyo atanicheka." Kosyo ni baba wa bwana arusi.

Nikaandika tena, naye akajibu, lebo juu ya lebo. Mwanamume niliyemsubiri aseme neno kwa miaka yote hiyo sasa alijibu kuliko nilivyoweza kusoma. "Zile skrubu zilikuwa za muhimu." "Mama yako nilimwonea." Nyingine ilisema tu: "Uliloniuliza mwaka ule, ndiyo." Hiyo niliiweka mfukoni, Neva asiione. Saa nne usiku ilipokaribia, mwandiko ulianza kutetemeka.

Hapo nikaandika nilichokuwa nimekificha. "Zahari, pipa alilofungua Kosyo kwenye arusi ya mwanawe mkubwa lilikuwa rakia ya msimu mmoja, vipande vya mwaloni na sukari iliyounguzwa ili ionekane ya miaka mingi. Mkewe aliniambia mwenyewe. La baba yangu kwenye arusi yetu lilikuwa hivyo hivyo. Hakuna pipa kijijini hapa lililowahi kufika arusini. Tunaonja, tunafumba macho, tunasifu miaka, tunarudi nyumbani."

Halikuja jibu. Dakika moja ikapita, siku sita zake. Dakika tano, mwezi.

"Amekasirika," Neva akanong'ona, amenishika kiwiko.

"Anafikiri. Hajazoea."

Dakika kumi, miezi miwili. Nikaanza kuwaza kama ameanguka, kama nyama imeisha, kama nimemuua kwa ukweli baada ya kuishi naye salama kwa uongo. Nikagonga mlango kwa ngumi. Ndani mota ikakohoa, ikanyamaza. Komeo likakwaruza, likakwama, likakwaruza tena.

Mlango ulifunguka upana wa kiganja. Ilitangulia harufu ya kabichi, zikafuata ndevu nyeupe mpaka kifuani, na macho yaliyomtafuta Neva.

"Leo ni siku gani?" akauliza, sauti kama bawaba.

"Bado Ijumaa, baba," Neva akasema, naye akausukuma mlango wote.