Tulipokwenda Kwenye Kituo cha Ukimya

Shukrani zote ni za Mwenyezi Mungu, anayesikia dua ya mwenye kusema na ya asiyeweza kusema. Rehema na amani zimshukie Mtume wake.

Mwanangu wa mwisho alifukiwa na duara, shimo la kuchimbia dhahabu, kule upande wa Geita. Wenzake walizima karasha zote za kusagia mawe, wakalala kifudifudi juu ya kifusi wasikilize, maana aliye hai chini hugonga mwamba kwa nyundo. Mama yake naye alilaza sikio pale kwenye kifusi. Wao hawakusikia kitu. Yeye alisikia. Walichimba pale alipoonyesha mpaka ukuta mwingine ukaanguka. Mungu aliwaokoa waliokuwa wakichimba, lakini watu wakakatazwa kuingia tena.

Tukarudi nyumbani Nyasubi, Kahama. Nilitaka tumswalie mtoto, ingawa mwili hatukuupata. Mke wangu alikataa.

"Utamswaliaje mtu anayegonga?"

Alimsikia hata huku Kahama, akichambua mchele, akizungumza na majirani. Ndani yangu palikuwa kama mguu uliokaliwa muda mrefu: nilijua upo, siuhisi. Nilifundisha watoto Kurani, nilikula, nililala. Alhamdulillahi, hata usingizi niliupata.

Wakati huo nje ya Bugarama palikuwa na kituo cha utafiti, ndani ya handaki la zamani. Watu wake walikuwa na kazi moja, kutafuta ukimya usio na chochote ndani yake. Waliwahi kuja msikitini kuomba wazee wakae katika chumba chao, kisha waeleze wanachosikia. Nikamwambia mke wangu twende, kwa kuwa mle sauti ya nje haiingii.

"Ukimsikia na mle, tutajua."

"Tutajua nini?"

"Kwamba haitoki shimoni."

Akaenda kuvaa baibui.

Mtafiti aliyetupokea alikuwa binti mpole, anayeongea kwa kunong'ona.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Paza sauti, mwanangu, au mnakatwa mshahara?"

Binti akacheka, akaziba mdomo. Mke wangu akaninyooshea kidole. "Huyu mzee mbakizeni humu. Tangu anioe namwomba anyamaze, hajaweza."

Hakuwa ametania tangu msiba. Niliona hilo, nikapita tu.

Kuta za chumba zilivikwa sponji nene, na mlango ulikuwa mzito kama wa chumba cha barafu cha samaki kule Nkome. Tuliketi wawili, taa inawaka. Mlango ulipofungwa nilisikia tumbo langu, kisha pumzi, kisha damu ikipita masikioni. Nikatega sikio kwa ajili ya mwanangu. Nilitamani nimsikie, hata mara moja. Sikusikia.

Mke wangu alikuwa ameinamisha kichwa. Kidole chake kiligonga goti taratibu, kikifuata kitu nisichokisikia.

Tulipotoka, binti akamuuliza mke wangu alichosikia.

"Anagonga," alisema. "Vilevile kama nyumbani."

"Mashine zetu hazikupata kitu, mama."

"Zingepataje? Hazikumzaa."

Akajifunga mtandio, akautazama mlango. "Basi hata siku ile, juu ya kifusi, haikutoka shimoni, ilikuwa hivihivi. Nami nikawaambia wachimbe hapa, wachimbe hapa."

Binti aliniangalia mimi. Tulipofika getini mke wangu akasema, "Mswalie."

Ijumaa ile tulimswalia, mimi nikiwa imamu. Sauti yangu haikutetemeka, na watu wakanisifu kwa subira. Haikuwa subira. Sijui ilikuwa nini, ila namshukuru Mungu kwayo, maana ilinifikisha kwenye salamu ya kumaliza swala.

Mke wangu bado anamsikia. Huacha mwiko ndani ya sufuria, akatulia. Nami hungoja mpaka amalize, kisha tunakula.

Wewe unayesoma, Mungu awalinde wako walio juu ya ardhi na awarehemu walio chini yake. Na siku yako ikifika, usikose watu wa kusimama safu kwa ajili yako. Amina.